Jiwe la Gye-sun

Busan, 6 Novemba

Mama Mwenyekiti, shikamoo.

Natumai barua hii itakukuta mzima. Nimeamua kuandika kwa kuwa simu huisikii, na maneno yenyewe si ya kupigiana kelele.

Mimi ni mtoto wa Yang Gye-sun, yule mmoja aliyekuwa naye. Mlinijua kwa jina jingine na mlinijua mvulana. Nilipoondoka Dolgae nilikuwa na miaka kumi na tisa, leo nina arobaini na sita, na jina langu ni Si-yeon. Miaka sita iliyopita mahakama ilinibadilishia namba ya kitambulisho: ile tarakimu ya kwanza baada ya kistari, iliyokuwa moja ya wanaume, sasa ni mbili ya wanawake. Kwenye mazishi ya mama mlimwona mwanamke mrefu amesimama nyuma kabisa, amevaa barakoa. Ndiye mimi. Niliogopa kusogea mbele, na hilo sijajisamehe.

Sasa hoja yangu. Wewe ndiye mwenyekiti wa chama cha wazamiaji, na ndiye uliyezama na mama bega kwa bega miaka yote. Desturi naikumbuka. Mzamiaji akifa, nafasi yake inachukuliwa na binti yake au mke wa mwanawe. Mwaka ukipita bila mtu kutokea, lile jiwe alilokuwa akikalia ndani ya bulteok, mbele ya moto, linabingirishwa baharini siku mnayomuaga mungu wenu Bibi Yeongdeung arudi na upepo wake. Nimehesabu. Siku hiyo itaangukia tarehe 14 Machi. Mama alilikalia jiwe lile miaka hamsini na mitatu.

Naomba nafasi yake. Binti yake ni mimi.

Kazi naijua nusu. Miaka kumi na minane nachomelea vyuma chini ya maji, kwenye matumbo ya meli. Nimezoea mtungi wa hewa mgongoni, na najua nyinyi mnazama na pumzi yenu tu. Nitajifunza.

Nijibu, hata kama jibu ni chungu.

Mun Si-yeon


Dolgae, 15 Novemba

Si-yeon,

Barua yako nimeisoma mara mbili, ya pili na miwani. Mwandiko wangu usiucheke. Nimejua kusoma nina miaka sitini na moja, kwenye darasa la kina bibi, na mwalimu alikuwa mdogo kuliko kitinda mimba wangu.

Kwanza hiyo "Mama Mwenyekiti" ni ya nini? Unaniandikia kama karani wa benki. Ulipokuwa unakimbia matako wazi juu ya mawe, unaniibia viazi vitamu vyangu kwenye majivu, ulikuwa na neno jingine la kuniita. Bara imekuosha vizuri.

Pili, jibu ni hapana.

Sisemi kwa ubaya. Vijiji vingine wamejengewa vyumba vyenye maji ya moto, sisi kwa ubishi wetu tumebaki na bulteok. Unaukumbuka: ukuta wa mawe, mlango mmoja, moto katikati, hakuna paa. Humo tunavua nguo zote, wanawake kumi na saba, na humo tunagombana, tunalia, tunawasema waume zetu. Hakuna pahali pengine kijijini mwanamke anapumua hivyo. Hiyo mbili ya kitambulisho chako siipingi, serikali ina kalamu yake. Lakini nitawaambia nini wenzangu, wavue nguo mbele ya tarakimu?

Halafu kuna diwani mmoja barazani, anaitwa Tak, mtu wa bara aliyeoa huku. Anataka kuongeza mstari kwenye sheria ndogo ya kadi za wazamiaji: mzamiaji ni mwanamke wa kuzaliwa. Kadi ile ndiyo inayotutibu masikio na magoti bure. Nikikuingiza wewe sasa hivi, kesho tuko gazetini. Mimi sitaki gazeti, nataka konokono wa bahari wa kutosha kwenye wavu.

Sikio halizidi kichwa. Mimi ni mwenyekiti tu, kichwa ni chama. Jiwe la mama yako litakwenda baharini kama lilivyokwenda la mama yangu mkubwa, na hakuna aibu.

Habari hii usiniandikie tena. Niandikie kama unakula vizuri.

Hyeon Mal-ja


Busan, 23 Novemba

Mama Mwenyekiti, shikamoo tena.

Nakula vizuri. Na habari hii naandika tena.

Unaniuliza utawaambia nini wenzako. Nitakueleza jambo moja, uwaambie au usiwaambie ni juu yako. Nilipotoka hospitali, miaka sita iliyopita, mama alikuja Busan peke yake na kikapu cha machungwa. Sikuwa nimemwambia chochote. Nadhani jirani yangu ndiye aliyempigia. Alikaa wiki tatu, akanipikia supu ya mwani kila asubuhi kama mwanamke aliyejifungua, na hakuuliza swali. Jeraha lilipopona akasema, "Vaa, tunakwenda bafuni." Bafu la umma, lile la mtaani kwetu. Mlango wa wanawake. Miguu yangu iligoma. Akaniambia, "Nimekuzaa mimi, nani atakayekujua kuliko mimi?" Akanishika mkono tukaingia.

Alinikalisha kwenye kigoda, akatoa kile kitambaa cha kukwaruza, akanisugua mgongo mpaka ukawa mwekundu. Nilikuwa na miaka arobaini. Wasichana wa umri wa miaka mitano wanasuguliwa na mama zao, mimi nilingoja arobaini. Akamwambia mama wa pembeni, "Binti yangu huyu, ana mgongo mpana kama baba yake." Yule mama akasema mgongo mpana ni bahati. Basi, ndiyo hivyo tu. Hakuna aliyepiga kelele.

Sikuombi uamini mahakama. Muamini Gye-sun.

Mkataa kwao mtumwa, nami kwetu sijakukataa. Niliondoka kwa kuwa mtu niliyekuwa naigiza alikuwa ananiua. Sasa nataka kurudi nikiwa mtu mzima mwenye jina lake. Ukisema hapana mara ya pili nitaandika mara ya tatu. Stempu ninazo za kutosha.

Si-yeon


Dolgae, 9 Desemba

Si-yeon,

Umenikosesha usingizi, na mimi ni mtu wa kulala.

Mama yako aliporudi kutoka Busan mwaka ule, alivua nguo, akakaa kwenye jiwe lake, akasema mbele yetu sote, "Nimemsugua binti yangu mgongo." Tukatazamana. Kila mtu alijua Gye-sun ana mtoto mmoja wa kiume. Tulimpa pole kimoyomoyo, tukasema kichwa kimeanza kuingia maji. Yeye alitabasamu, akanyoosha mikono motoni. Kumbe wajinga tulikuwa sisi kumi na saba na mwenye akili alikuwa mmoja.

Sijasema ndiyo. Nasema hivi: njoo tarehe 20, uzame nasi siku moja, tuone kama hicho kifua kina pumzi au kina hewa ya chupa tu. Ndani ya bulteok hutaingia. Utavulia nguo nyuma ya mwamba mweusi, penye upepo. Kama hilo ni tusi kwako, usije.

Mkanda wa mama yako, ule wa vipande vya risasi vya kumzamisha, ninao. Miwani yake pia.

Mal-ja

Njoo na soksi kavu. Baridi ya huku umeisahau.


Dolgae, 12 Januari

Kwa Mun Si-yeon,

Hatujasalimiana vizuri. Mimi ni Kang Do-hui, yule mwenye boya la rangi ya chungwa. Nimeandika jina lako lote kwa sababu sikupata neno jingine la kukuita.

Nilikuona siku ile ya tarehe 20. Saa tatu nzima majini ukatoka na konokono wanne na utepe wa mwani, utadhani umetumwa sokoni ukasahau ulichotumwa. Wazee walicheka. Lakini Mwenyekiti alituonyesha kitu kesho yake: chini ya mwamba uliozamia kulikuwa na kombe la jeonbok, lile la bei kuliko yote, kubwa kama kiganja, na alama ya kisu chako pembeni. Uliligusa, ukaona pumzi inaisha, ukaliacha. Wazamiaji wengi wamekufa kwa kombe moja kama hilo. Basi wazee wakaacha kucheka.

Baadaye nilikuona unavua nguo nyuma ya mwamba, upepo unakuchapa. Sikufurahi. Nisikudanganye, sikusikitika pia.

Mwisho wa mwezi tunakutana kukujadili, na mimi nitasema hapana. Nimeona ni uungwana uusikie kwangu kwanza.

Nilipoolewa kijijini hapa sikujua hata kuogelea. Mume wangu alikuwa ananipiga. Mama yako ndiye aliyeniingiza kwenye bulteok, akanikalisha kwenye nusu ya jiwe lake, akanipaka mafuta mgongoni bila kuuliza michubuko imetoka wapi. Siku moja yule bwana alinifuata mpaka mlangoni. Mama yako alisimama uchi kama alivyozaliwa, na kisu cha kubandulia mkononi, akamwambia, "Ukuta huu mwanamume hapiti." Yule bwana akaondoka, na mwaka uliofuata nikapata talaka yangu. Sina kitu duniani isipokuwa ule ukuta.

Huenda wewe ni mwanamke. Mimi si mahakama. Lakini mwili wangu ukisikia sauti nzito nyuma yake unakakamaa kabla akili haijafika. Nikiwa ndani ya ukuta sitaki kukakamaa. Je, hilo ni kosa?

Kang Do-hui


Busan, 20 Januari

Do-hui,

Si kosa. Asante kwa kuniambia usoni, watu wengi hunisemea mgongoni.

Mwili wangu nao unakakamaa. Karakana ninayofanyia kazi ina choo ambacho sijakiingia miaka sita. Nakunywa maji kidogo asubuhi ili nivumilie mpaka nyumbani. Kwa hiyo najua habari ya ukuta, najua pia kukaa nje yake.

Mama aliusimamia ukuta ule kwa ajili yako, na alifanya vyema. Mimi siji kuubomoa. Ukibomoka, nitakuwa nimerithi nini? Nakuja kukaa upande wa ndani, nami nishike kisu mlangoni zamu yangu ikifika.

Sauti yangu siwezi kuikata. Naweza kuitumia kidogo. Nikiwa nyuma yako nitakohoa kwanza, ujue ni mimi.

Sema hapana yako mkutanoni. Mimi ndiyo yangu nitaendelea kuisema.

Si-yeon


Busan, 11 Februari

Mama Mwenyekiti,

Gazeti la leo limefika mpaka kwenye kantini ya karakana. Nimelikuta limeachwa wazi mezani pangu, ukurasa wa saba, ili nisilikose.

Diwani Tak ameusoma mbele ya baraza muhtasari wa mkutano wenu. Sijui ameupataje. Gazeti limenukuu maneno yake: "Mnanilaumu kwa mstari mmoja wa sheria, lakini hata wazamiaji wenyewe, wakiwa peke yao, wanamwita mjomba." Chini yake wamepiga chapa ukurasa wenyewe, na neno lipo, limeandikwa kwa wino: samchun. Aliyelitamka ni Kang Do-hui. Kumi na sita wengine hawakumkatiza. Nawe ulikuwa umekaa kitini.

Hapa kazini ndilo jina waliloniita mwaka wa kwanza nilipofuga nywele. Samchon, umependeza leo. Samchon, rangi ya mdomo unanunua wapi? Nilijua kuna watu duniani watakaoniita mjomba. Sikudhani watakuwa nyinyi, waliokaa mbele ya moto mmoja na mama yangu.

Do-hui aliniambia atasema hapana. Hapana ningeipokea. Hili siliwezi.

Libingirisheni jiwe. Mkanda na miwani ya mama mpe unayemtaka.

Mun Si-yeon


Dolgae, 17 Februari

Si-yeon,

Mjinga wewe. Kaa chini usome mpaka mwisho.

Huko bara samchon ni ndugu wa kiume wa baba au wa mama. Huku kwetu, kisiwa kizima, samchun ni mtu yeyote aliyekuzidi umri. Mwanamume samchun, mwanamke samchun, muuza tofu samchun, mganga wa kike anayemwita Bibi Yeongdeung naye samchun. Mama yako watu mia tatu walimwita Samchun Gye-sun mpaka anaingia kaburini. Mimi nimezaa watano, nimewanyonyesha wote, na naitwa Samchun Mal-ja. Na wewe, wewe mwenyewe, mpaka unapanda meli ya Busan uliniita hivyo. "Samchun, nipe kiazi." Ndilo neno nililokuambia umelisahau, na kweli umelisahau.

Do-hui ana miaka arobaini na miwili, wewe arobaini na sita. Ulitaka akuiteje? Alisimama mkutanoni akasema, "Samchun huyu simjui, na mimi sivui nguo mbele ya nisiyemjua." Amekukataa, ndiyo. Lakini amekukataa kwa adabu ya hapa, kama anavyomkatalia mkubwa wake yeyote. Angekuona mgeni angekuita "yule mtu". Hakuna aliyemkatiza kwa sababu hakukuwa na kitu cha kukatizwa, na mimi niliposikia neno lile nilijua umeshaingia nusu ya mguu.

Diwani Tak ana miaka ishirini hapa na masikio yake bado yako bara. Namsamehe, ni mgeni. Wewe umezaliwa kwenye mawe haya. Wewe nitakusamehe kwa lipi?

Sasa nikuambie habari ya masikio, ambayo sijamwambia mtu.

Mzamiaji akitoka chini anapiga mluzi, ile pumzi ya kwanza. Wawili wakizama pamoja kila mmoja anasikiliza mluzi wa mwenzake. Usipousikia, unaacha kila kitu unamfuata. Siku ile mwenzake mama yako nilikuwa mimi. Kijiji kinadhani uziwi wangu ulianza baada ya msiba. Si kweli. Masikio yalishakufa miaka mitatu kabla, nikaficha, hata kwake nikaficha, kwa sababu mzamiaji kiziwi huambiwa abaki nchi kavu na mimi nchi kavu sina kazi. Moyo wake ulisimama, mluzi ukakatika, mimi nikaendelea kubandua konokono. Nilipoinua kichwa boya lake lilikuwa linakwenda peke yake.

Ndiyo maana nilikuambia hapana haraka vile. Sikutaka wewe ukae kwenye lile jiwe kila asubuhi unanitazama. Habari ya nguo na ya diwani ni kweli pia, lakini zilikuja za pili.

Sikio la kufa halisikii dawa. Langu limeshampoteza mama yako. Lako la bara lisikupoteze wewe.

Tarehe 26 tunaitwa barazani. Tarehe 1 Machi chama kinapiga kura, kila mtu na kombe lake: likitazama juu ni ndiyo, likilala kifudifudi ni hapana. Sijui itakuwaje. Sitaki barua ya kunisamehe. Nataka jibu moja, unakuja au huji.

Samchun Mal-ja


Busan, 22 Februari

Samchun Mal-ja,

Nakuja.

Kazini nimeaga. Msimamizi aliuliza naenda wapi, nikamwambia narithi jiwe. Hakuelewa, na sikumfafanulia.

Kura ikinikataa, nitapanga chumba hapo kijijini na kuwaomba upya kila mkutano, mpaka mchoke. Naomba mnizuilie jiwe. Mkilitupa tarehe 14 nitalizamia. Pumzi yangu imefika dakika moja na sekunde arobaini. Nafanya mazoezi kwenye bwawa la kulipia, walinzi wamenizoea.

Uliloniandikia kuhusu siku ile nimelisoma. Jibu lake silipeleki kwa posta. Nitakupa nikiwa nimekaa mbele yako, ili usome midomo yangu.

Mwambie Do-hui nimekosea. Au la, usimwambie. Nitamwambia mwenyewe.

Si-yeon


Dolgae, 3 Machi

Samchun Si-yeon,

Umeliona neno. Nimeliandika makusudi, mara hii kwa kufikiri. Mkutanoni lilinitoka tu mdomoni.

Mwenyekiti ameniambia nikuandikie mimi kwa sababu, anasema, mkono unamuuma. Mkono haumuumi. Nakupa habari kwa mpangilio.

Barazani tulikwenda saba. Diwani Tak alimwita Samchun Mal-ja mbele, akamuuliza: kwa maoni yako, mwanamke ni nani? Samchun akaweka kiganja sikioni akasema hajasikia. Diwani akauliza tena, kwa nguvu. Hajasikia. Mara ya tatu akapaza sauti, mheshimiwa na tai yake anamfokea bibi wa miaka sabini na miwili: mwanamke ni nani? Samchun akasema taratibu, "Sasa nimesikia. Nilidhani unaniambia, kumbe unaniuliza." Watu wakacheka mpaka karani. Mpaka leo sijui kama kweli alikuwa hasikii.

Kisha nikaomba kusema mimi, kwa kuwa maneno yaliyosomwa yalikuwa yangu. Nikamwambia: mheshimiwa, mimi nilisema hapana kwa huyo mtu, na hapana yangu umeichukua bila kuniomba ukaifanya yako. Nilimwita samchun. Huyu hapa mbele yako namwita samchun pia. Kama samchun ni mwanamume, basi tangu asubuhi unabishana na wanaume saba, na hiyo sheria yako itufute sote. Sikuja kumtetea Si-yeon. Nimekuja kudai neno langu.

Nikakaa.

Madiwani wakapitisha mstari wao vilevile, saba kwa watano. Kwa hiyo kadi hupati. Ukiumwa utajilipia. Samchun Mal-ja anasema ataandika barua za malalamiko kila mwezi sasa kwa kuwa amejua kuandika, na wakimchoka ndiyo raha yake.

Lakini kadi ni ya baraza. Mawe ni ya chama.

Tarehe moja tuliweka makombe. Mimi nilikuwa wa mwisho, na nilipofika yalikuwa manane yametazama juu na manane yamelala. Walinitazama wote. Nilisimama nalo mkononi mpaka Samchun mmoja akaniambia moto unazimika.

Nilifikiri hivi. Mimi mwenyewe nilisema sivui nguo mbele ya nisiyemjua. Basi nimekujua kiasi gani? Najua uliacha jeonbok kwa sababu ya pumzi. Najua ulivaa soksi kwenye upepo bila kumlaani mtu, na kwamba uliahidi kukohoa. Kama wewe ni mwanamke kama mimi nilivyo, hilo bado sijalijua, na sitajifanya nimelijua ili upendezwe. Nilijua tu kwamba umenizidi miaka minne, na kwamba lile jiwe nilipewa nusu yake nikiwa sina pa kukaa, na aliyenipa hakuniuliza kitu.

Kombe langu lilitazama juu. Tisa kwa manane.

Usije na furaha nyingi, wanane wapo na wana midomo. Jiwe la mama yako hatulitupi. Ila hutalikalia mwaka huu. Mgeni anaanza upande wa moshi, nami nilianzia hapo, utalia machozi mpaka uzoee. Wakati wa kuvua nguo mimi nitakupa mgongo na wewe utanipa wako, mpaka siku nitakayokuambia basi. Huenda ikawa kesho yake, huenda isiwe kamwe. Ukiniuliza nitakasirika.

Ijumaa ya tarehe saba maji yanakupwa saa tatu. Uwe mlangoni saa mbili. Ukifika, kohoa.

Kila mtu huja na kuni zake. Usisahau, Samchun.

Do-hui